Wanawake wa Udaku na Kiti cha Msusi

Watu wakiniuliza nilisoma nini Marekani huwa nawajibu kwa kirefu, maana ni haki yangu. Nina stashahada ya filamu na televisheni. Niliipata Louisville, nikibeba vifurushi ghalani na kukaa darasani mwili ukiwa unauma, na hakuna mjomba, mchungaji wala mfadhili aliyeninunulia hata kalamu. Leo nina studio yangu hapa Kasulu, ya matofali ya kuchoma, niliyoijenga kwa jasho langu. Wateja huniuliza kama niliwahi kuonana na mcheza filamu yeyote. Sikuwahi. Sinema naijua kwa upande wa nyuma, kupitia watu ambao hawakuigiza. Waliotisha kuliko wote walikuwa wanawake wachache walioandika udaku magazetini, zamani za filamu za rangi nyeusi na nyeupe.

Chuoni kwetu kulikuwa na somo la historia ya sinema. Wanafunzi wengi walilichukua kwa sababu taa huzimwa na mtu anaweza kulala. Mimi nilikuwa natoka ghalani moja kwa moja, macho yanawasha kama yametiwa mchanga, lakini sikulala hata kipindi kimoja. Mwalimu wetu alikuwa mzee wa sauti ndogo aliyezoea kufundisha watu wanaokoroma, na nadhani alinipenda kwa sababu hiyo tu.

Alitueleza kwamba siku hizo mcheza filamu alikuwa chini ya studio kwa mkataba, na mkataba ulikuwa na kifungu cha tabia. Ukileta aibu, kazi huna. Sasa nani aliamua kipi ni aibu? Ndipo walipoingia wale akina mama. Waliandika safu zao karibu kila siku, zikachapwa katika magazeti ya miji mingi, zikasomwa asubuhi mezani na watu wale wale ambao jioni wangekata tiketi. Mama mmoja alijulikana kwa kofia zake kubwa, mwingine kwa kujifanya hasikii vizuri huku anasikia kila kitu. Walikuwa na wasusi wao, wauguzi wao, madereva wao, wapokea simu wao wa hoteli. Mcheza filamu akienda kwa daktari, kabla hajarudi nyumbani mama ameshajua anaumwa nini.

Studio hazikupigana nao. Ziliwalisha. Sikukuu zikifika, nyumba za akina mama wale zilijaa maua na maboksi ya zawadi hadi barazani. Studio ikiwa na siri kubwa ya mtu wake mkubwa, ilimpelekea mama siri ndogo ya mtu mdogo, ale ashibe. Kulikuwa pia na habari isiyo na jina: mama anaandika kwamba kuna bwana fulani mwenye macho mazuri ambaye mke wake hajui anakula wapi chakula cha jioni. Anaishia hapo. Anayehusika anajielewa, anakwenda kubisha hodi. Na kinga kubwa kuliko zote ilikuwa kuwahi. Mtu akitaka kuoa kwa siri, alimpigia simu mama wa gazeti kabla ya kumpigia mama yake mzazi. Ukimwambia wa kwanza, habari inakuwa yake, na mtu hachafui kilicho chake. Ukimwacha aisome kwa mpinzani wake, ajira yako imekwisha.

Kijana mmoja wa Louisville, mwenyeji wa pale pale, aliuliza kwa nini wacheza filamu hawakuwapuuza tu. Nikanyoosha mkono. Nikasema huwezi kumpuuza mtu ambaye jirani zako wote wanamsikiliza. Hata ukiziba masikio, wao hawajaziba. Mwalimu akasema nililolisema ndilo somo zima. Nikaandika kazi yangu ya mwisho juu ya jambo hilo, nikapata alama ya juu darasani, na ilisomwa mbele ya wote. Ninaitaja kwa sababu ni kweli, na kwa sababu sikujua kwamba karatasi ile ningeishi ndani yake.

Baada ya chuo nilihamia Columbus, kwenye ghala la nguo karibu na uwanja wa ndege. Stashahada ya filamu haikunipatia kazi ya filamu, tuseme ukweli. Lakini nilipanga chumba changu mwenyewe Gahanna, mtaa wa watu wenye nyasi zilizokatwa, na mwisho wa wiki nilipiga video za harusi kwa kamera niliyoinunua mpya dukani. Wateja wangu walikuwa Warundi waliokulia kambini, mkoani kwetu Kigoma. Walizungumza Kiswahili kama changu. Soko la Kasulu walilijua kuliko mimi. Waliniita mtu wa nyumbani, nami niliitika, ingawa nyumbani kwao kulikuwa kambi ndani ya nchi yangu na sikuwahi kuingia humo hata siku moja.

Katika jamii ile kulikuwa na mama msusi. Alisukia sebuleni kwake, kwenye kiti cha ofisi cha kuzunguka kilichowekwa mbele ya dirisha, televisheni ikiwa imewashwa bila sauti. Kila Jumamosi mchana alituma ujumbe wa sauti kwenye kundi letu la simu. Alianza kwa salamu na chai. Halafu misiba, na nani anahitaji kupelekwa hospitali, na ghala gani linaajiri. Hayo yalikuwa ya msaada mkubwa, na nisingependa mtu amfikirie vibaya kwa haraka. Mtu akifa, yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kufika na wa mwisho kuondoka, na michango ilipita mikononi mwake bila manung'uniko.

Baada ya hapo sauti yake ilishuka kidogo, akasema, "Mimi simo, lakini..." Pale ndipo ghala zima liliongeza sauti. Ungewaona watu wamesimama kati ya maboksi, kila mmoja na waya wa simu kwenye sikio moja, supavaiza akidhani tunasikiliza mahubiri. Akisema wali wa harusi fulani ulikuwa mbichi, mpishi yule hakupata harusi nyingine. Mchungaji mpya alipokuja, alikwenda kumsalimia mama msusi kabla ya kukutana na wazee wa kanisa. Kila kamati ya harusi ilimwekea meza ya mbele. Mimi nilitazama yote hayo nikajisemea kwamba huyu hajawahi kusikia jina la Hollywood ila kwenye matangazo, na bado anafanya kazi ile ile, kwa zana zile zile, hata wasusi hahitaji kuwatuma kwa kuwa msusi ni yeye mwenyewe.

Rafiki yangu wa karibu ghalani alikuwa kijana wa Kirundi, mwimbaji wa besi kwenye kwaya, mtoto wa mzee wa kanisa. Alikuwa amechumbia msichana wa Buffalo aliyekutana naye kwenye kongamano la vijana. Harusi ingefanyika Columbus, na mimi ndiye mpiga video. Siku tuliyokaa kupanga nani apigwe picha na nani, nilimwuliza kama yule mdogo wake bibi harusi, binti wa miaka minane, ndiye atakayebeba maua.

Akaangalia mlango. "Msomi, nikikwambia jambo utalibeba?"

"Nimebeba vifurushi vya Marekani nzima. Sema."

Mdogo wake bibi harusi hakuwa mdogo wake. Alikuwa mwanawe. Alimzaa kambini akiwa mwanafunzi, na kwa kuwa msichana mwenye mtoto alirudishwa nyumbani asisome, mama yake mzazi alimchukua mtoto yule mchanga akasema ni wake. Wakavuka bahari hivyo. Majirani zao kule Kensington-Bailey, mtaa wao wa Buffalo, walijua hivyo. Mtoto mwenyewe alijua hivyo. Bwana harusi aliambiwa kabla hajaleta posa, na hakuona kosa. Tatizo lilikuwa kanisa. Bibi harusi aliyekwisha kuzaa hakuruhusiwa kuvaa shela. Ndoa yake ilibarikiwa kwenye chumba cha pembeni baada ya ibada, mashahidi wachache, kwaya haiimbi. Baba wa rafiki yangu ndiye aliyesimamia kanuni hiyo, tena kwa mabinti wa watu wengine, miaka yote.

Nilicheka bila furaha. Nikamweleza kwamba Hollywood walikuwepo wacheza filamu waliojificha na mimba zao, kisha wakatokea wamebeba mtoto wa kulea waliyemtoa kituo cha yatima, ambaye ni wa tumbo lao. Na wale akina mama wa magazeti, wakijua kila kitu, waliandika jinsi dada yule alivyo na moyo wa huruma.

"Kwa hiyo inawezekana," akasema.

"Iliwezekana kwa sababu mama wa gazeti alikubali."

Jumamosi iliyofuata tulikuwa kwenye mapumziko. Sauti ya mama msusi ikapita misiba, ikapita ajira, ikashuka. "Mimi simo, lakini huko kaskazini kwenye theluji kuna bibi harusi ana mdogo wake. Kwenye kongamano yule mtoto alianguka akachubuka goti. Mama yake yupo hapo, amempita kama mti, akakimbilia kwa dada. Jamani, mtoto akiumia anamkimbilia nani? Nauliza tu. Nyweni chai yenu."

Rafiki yangu aliondoa waya sikioni polepole, uso umekauka.

"Nimekwisha."

"Hujaisha. Angetaka kukumaliza angetaja jina."

"Sasa anataka nini?"

"Anakungoja ubishe hodi. Anataka aambiwe."

Akafikiri. Kisha akasogea karibu. "Tumpe habari nyingine. Yule mwenyekiti wa kamati yetu, juzi gari lake lilionekana limeegeshwa kwa..."

"Studio zilifanya hivyo," nikamkatiza. "Lakini studio zilikuwa na wacheza filamu wengi wa kutupa. Sisi tuna mwenyekiti mmoja, na ndiye amelipia ukumbi."

Alicheka akashindwa kujizuia, halafu akafuta macho kwa glavu. Nikamwambia mpango. Bibi harusi aje mapema kusukwa nywele za harusi na mama yule yule. Msuko unachukua muda mrefu, watakuwa wawili tu. Amwambie mwenyewe, kwa mdomo wake, kabla mtu wa Buffalo hajamwambia. Habari ikiwa yake, ataifunika. Nilikuwa na uhakika. Hakuna mtu mwingine Columbus aliyelisoma jambo hili darasani.

Rafiki yangu hakupata ruhusa kazini, na gari lake lilikuwa la kuombea kila kona, kwa hiyo nilikwenda kumchukua bibi harusi kwa gari langu. Ilikuwa mwishoni mwa baridi. Barabara nzima imejaa chumvi ya kuyeyushia barafu, theluji ya kando imekuwa nyeusi kama mkaa uliolowa, na mgongo wangu ulikuwa bado unadai usingizi wa wiki nzima. Watu huwaza kwamba Marekani ni mwendo wa raha. Mimi naikumbuka kama kioo cha gari ambacho hakitakati.

Nyumba yao ilikuwa ya mbao, ya ghorofa moja juu, hatua chache kutoka Bailey Avenue. Bibi wa mtoto, yaani mama mzazi wa bibi harusi, alinikaribisha kwa chai ya maziwa yenye tangawizi. Mtoto alikuwa amelala kifudifudi kwenye zulia akifanya kazi za shule. Bibi akimsemesha kwa Kiswahili, yeye anajibu kwa Kiingereza bila kuinua kichwa. Bibi harusi alikuwa ndiyo kwanza ametoka kazini Amherst, alikofua mashuka ya hoteli. Alikaa nami jikoni, viatu bado miguuni, akanisikiliza nikimweleza habari ya studio na magazeti mpaka mwisho. Sikupunguza kitu. Nilieleza vizuri.

"Shemeji," akasema, "kwa hiyo dawa ni kumpelekea huyo mama mwanangu kwenye sahani?"

"Si mtoto, dada. Ni habari tu."

"Habari yenyewe iko pale kwenye zulia, inasoma darasa la tatu."

Bibi alikuwa amesimama mlangoni na birika. Nilidhani hakusikia, lakini alikuwa amesikia. "Nilimbeba mimi," akasema. "Kambini walinicheka, mama mzima nazaa uzeeni. Nikacheka nao. Wakaniuliza baba yake yuko wapi, na mume wangu alikuwa ameshakufa. Nikacheka tena. Leo mnataka kumweleza mwanamke wa Columbus anayesuka nywele?"

"Mama, ameshajua," bibi harusi akasema.

"Anahisi. Kujua ni kitu kingine."

Nikanywa chai yangu. Bibi harusi alivua viatu, akavipanga ukutani, akasema bila kupandisha sauti, "Shemeji anasema huyo mama anataka awe wa kwanza kuambiwa. Hawezi kuwa wa kwanza. Wa kwanza ni mwanangu."

Hilo halikuwa kwenye karatasi yangu ya Louisville. Nilitaka kumwambia kwamba linaharibu mpango, kwamba mtoto akijua, mji utajua. Nilimtazama bibi, nikaona mkono wenye birika unashuka taratibu hadi mezani, na nikaamua kwenda nje kukwangua barafu kwenye kioo. Nilikwangua kioo cha mbele, cha nyuma, na vya pembeni, na vilipokwisha vyote nikaanza tena. Walipotoka, mtoto alikuwa amevaa koti na kofia, begi mgongoni. Bibi hakutoka. Alisimama nyuma ya pazia la sebule, na gari lilipoanza kwenda pazia halikutikisika.

Safari ile ilikuwa ndefu na hakuna aliyetaka redio. Tulikuwa tumeshapita Cleveland mtoto alipouliza, kwa Kiingereza, kama sasa bibi si mama yake tena.

"Yeye amekulea," mama yake akamjibu kwa Kiswahili. "Mimi nimekuzaa. Wote wawili tupo."

Mtoto akafikiri kwa kilomita nyingi. Kisha akasema anataka chipsi. Tukasimama tukanunua chipsi. Nikala zangu nimeegemea gari kwenye upepo, nimechoka kiasi kwamba chumvi ya chipsi na chumvi ya barabara zilikuwa na ladha moja.

Tulipofika kwa mama msusi, alikuwa ametuandalia. Niliona mara moja. Simu yake ilikuwa imelazwa kifudifudi kabatini, televisheni imezimwa kabisa, na wanawake wawili waliokuwa wakingoja zamu yao alikuwa ameshaanza kuwapa makoti. "Nyie mtarudi kesho," akawaambia. "Bibi harusi ana kichwa kikubwa cha nywele, tutakaa sana." Alijua kazi yake. Mama wa kofia asingefanya vizuri zaidi.

Bibi harusi akakaa kwenye kile kiti. "Waache wakae, mama," akasema. "Tutapiga stori wote."

Mama msusi alisimama na kitana mkononi. Wale wawili wakaketi haraka kabla hajabadili neno. Mimi nilikuwa mlangoni na mifuko ya rasta, na nilipaswa kuiacha niondoke, lakini hakuna mtu aliyenifukuza.

Alisuka mistari michache ya nyuma. Kisha bibi harusi akaeleza. Hakulia, hakuomba radhi. Alieleza shule ya kambini, na mama yake alivyomchukua mtoto kabla kitovu hakijakauka, na alivyokuwa akinyonyesha akiwa amefunika uso wa mtoto kwa kanga ili watu wadhani anambembeleza tu mdogo wake. Mmoja wa wale wanawake alisema "Yesu," kwa sauti ndogo, kisha akajifunika mdomo.

Mikono ya mama msusi ilisimama. "Ungeniambia mimi peke yangu, mwanangu," akasema. "Ungenipigia simu. Ungeniambia wa kwanza, ningejua namna ya kulisema."

"Hata hivyo ungekuwa wa pili, mama. Wa kwanza ni yule pale."

Mtoto alikuwa kwenye kochi, anamenya chungwa alilopewa, maganda anayapanga gotini. Mama msusi akamtazama kwa muda. Nilimwona akipima, kama alivyopima kila kitu, na nilijua anachopima. Wanawake wawili wameshasikia. Wangetoka pale na habari mkononi, na yeye angekuwa wa tatu kuisema katika mji aliozoea kuwa wa kwanza.

"Inamisha kichwa," akasema mwishowe. Akaendelea kusuka.

Siku zile za katikati niliishi kwa kahawa. Rafiki yangu hakula. Jumamosi ilipofika tulikuwa ghalani, na ujumbe ulipoanza hakuna aliyecheka kama kawaida. Chai, misiba, ajira. Halafu sauti haikushuka. Ilipanda.

"Leo nimo," mama msusi akasema. "Kuna binti yetu alikuja kwangu, akakaa kwenye kiti changu, akaniambia mimi kabla ya mtu yeyote duniani." Akaeleza yote. Akataja majina, akataja kambi, akataja yule bibi aliyekubali kuchekwa. Kisha akasema kwamba kila mwanamke anayemsikiliza aliacha kitu kambini ambacho hakukiandika kwenye karatasi za safari, na anayetaka kumsema binti huyu aje kwanza asukwe kwake, waongee wawili.

Nilikuwa nimeegemea maboksi. Kila nilichoandika Louisville kilikuwa ndani ya sauti ile, mpaka uongo wa kuwa wa kwanza.

"Mbona anadanganya?" rafiki yangu akauliza. "Hakuambiwa wa kwanza."

"Mwachie hilo. Ndiyo malipo yake."

Wazee wa kanisa walikaa. Baba wa rafiki yangu hakuweza kuivunja kanuni aliyowavalisha wengine, na mimi namheshimu kwa hilo zaidi kuliko kama angeivunja kwa mwanawe. Shela hapana, ibada kubwa hapana, chumba cha pembeni. Lakini akina mama wa kwaya walikuwa wameisikia Jumamosi, na walipeleka ujumbe kwamba hawataimba ndani ya chumba, kwa kuwa hairuhusiwi, ila korido si chumba. Waliimba koridoni mlango ukiwa wazi. Mzee alisimama mbele na suti yake bora, akisikiliza, na hakuufunga mlango. Mama msusi aliwaambia wote kwamba ni afadhali hakukuwa na shela, maana ingefunika msuko wake, na kazi ile haikustahili kufunikwa.

Ukumbini ndipo nilipochoka kuliko siku zote za Marekani. Nilizunguka na kamera begani, wali na nyama vikipita, watoto wakiteleza sakafuni. Bibi wa mtoto alikuwa ameletwa kutoka Buffalo na jamaa zao, amekaa karibu na meza kuu, na bibi harusi yuko hatua chache kutoka kwake. Mtoto alitokea upande wa jikoni na sahani iliyojaa hadi ukingoni, mchuzi unataka kumwagika, akaita kwa Kiswahili, "Mama!"

Wanawake wawili waligeuka. Mmoja akanyoosha mikono kupokea sahani. Mwingine mikono yake ilikuwa imeshanyanyuka, akaiona iko hewani, akairudisha mezani, akashika kijiko. Kamera yangu ilikuwa inawatazama wote wawili, taa nzuri, mkono wangu haukutikisika. Nimepiga video nyingi tangu hapo na sijapata nyingine kama ile.

Mama msusi alinifuata kabla sijaweka kamera chini. Alikuwa amekaa meza ya mbele, ameona kila kitu. "Wewe, umepata pale mtoto alipoita? Nikatie hicho kipande. Nataka watu wa Buffalo na wa Louisville wakione Jumamosi."

Nikamtazama yule bibi. "Mwanga ulikuwa mbaya, mama. Hakikutoka."

"Mwanga? Wewe na kamera kubwa yote hiyo mwanga ukushinde?"

"Umenishinda."

Alinitazama kama alivyomtazama mtoto na chungwa. Hakuniamini, na alijua kwamba najua. Jumamosi aliwaambia watu wote kwamba mpiga video wetu ni mtu mzuri, mpole, ila kazi yenyewe ndiyo hivyo, picha zinakuwa giza. Kiangazi kile hakuna kamati iliyonipigia simu. Nilibaki na maboksi ya nguo peke yake, mimi niliyesoma taa kwa mwaka mzima na kupata alama nilizopata, na sikusema neno la kujitetea. Kipande nilikifuta mwenyewe, nimekaa kitandani Gahanna na soksi za kazi miguuni. Kabla ya kukifuta nilikiangalia mara moja. Bibi alikuwa ameinama kwenye sahani yake, anatafuna polepole, na kijiko amekishika kwa mikono miwili.